Filamu zinazokataa kwenda mstari mmoja

Mji wa Bunagana, mpakani mwa Kongo na Uganda, uliingia mikononi mwa waasi wa M23 Julai 2012. Jeshi la Kongo likaukomboa Oktoba 2013. Juni 13, 2022 waasi hao wakaurudia. Ukimuuliza mkazi wa mpakani hapo vita vilianza lini, naye atakuuliza: vita vipi?

Maisha ya namna hiyo hayaingii kirahisi katika filamu yenye mwanzo, kati na mwisho. Kamera za habari huyalazimisha: risasi, wakimbizi, maturubai, kwisha. Huko Goma, Petna Ndaliko Katondolo, mwanzilishi wa kituo cha utamaduni cha Yole!Africa, amechukua njia nyingine. Anaiita Ejo Lobi, jina linalochanganya Kinyarwanda na Kilingala, lugha ambamo jana na kesho ni neno moja. Katika filamu yake fupi Kapita (2020) picha za kumbukumbu za wakoloni wa Kibelgiji zinakatwa na kupangwa upya. Zilipigwa ili kusifu kazi ya mzungu, sasa zinamshtaki.

Mtindo wenyewe wa kuvuruga mpangilio wa wakati si mpya. Mwaka 1943, huko Marekani, Maya Deren na mumewe Alexander Hammid walitengeneza Meshes of the Afternoon. Ufunguo unamponyoka mwanamke mlangoni. Analala, kisha kupitia dirishani anajiona mwenyewe akija tena nyumbani, mara ya pili, mara ya tatu, na kila mara kisu na ufunguo vinabadilisha mahali.

Nelson Makengo wa Kinshasa hakuhitaji hata usingizi. Katika Nuit debout (2019) aligawa skrini vipande vitatu na kuijaza giza la mtaa usio na umeme. Tochi inamulika mkono hapa, uso pale, huku redio ikizungumzia bwawa la Inga na umeme ulioahidiwa. Hakuna anayejua usiku huo ni wa leo au wa mwaka jana. Huko Amsterdam, tamasha la filamu la IDFA liliipa tuzo ya filamu fupi bora ya hali halisi.

Watazamaji wengi hulalamika kwamba filamu hizi hazina stori, na mara nyingine wana haki: zipo zinazobaki fumbo la mtengenezaji peke yake. Zinazofaulu humpa mtazamaji kitu cha kushika, kama ufunguo wa Deren au tochi ya Makengo, kisha zinamwachia kazi ya kupanga siku mwenyewe.