Kompyuta ya Saiba: Nani Anasikiliza Unapofungua Menyu?

Ukibofya kitufe cha kulia cha kipanya juu ya faili, menyu hufunguka: fungua, nakili, futa, badilisha jina. Katika kompyuta ya saiba yenye programu nyingi, si ajabu ukangoja menyu hiyo hadi ukachoka, na ikija ina mistari ambayo hata mwenye saiba hajui imetoka wapi. Wengi husema mashine imezeeka. Mara nyingi si uzee, ni faili zilizojipachika humo.

Faili hizo jina lao huishia kwa herufi DLL. Ni maktaba za pamoja: kazi inayohitajiwa na programu nyingi huwekwa katika faili moja, na kila programu huiita inapoihitaji. Jambo hili huokoa nafasi. Lakini maktaba haisimami peke yake. Huingia ndani ya programu iliyoiita na kufanya kazi kwa mamlaka ya programu hiyo, kama mgeni aliyepewa funguo za nyumba.

Katika Windows, karibu kila tendo lako hugeuka ujumbe. Ukisogeza kipanya, ukibonyeza herufi au ukifungua menyu, mfumo hutuma ujumbe kwa dirisha husika. DLL huweza kuingia katika mambo hayo kwa njia mbili.

Ya kwanza ni kujisajili. Tangu Windows 95, programu huweza kusajili DLL yake ili iulizwe kila menyu inapofunguka kama ina la kuongeza. Ndivyo WinRAR na 7-Zip zinavyopata mistari yao. DLL hizo huingia ndani ya Explorer, programu inayoonyesha folda na deskitopu. Moja ikikwama, menyu nzima hungoja. Ikianguka, huweza kuiangusha Explorer, ukaona deskitopu imetoweka ghafla kisha ikarudi. Windows 11, iliyotoka mwaka 2021, imefupisha menyu na kuiweka mistari mingi ya zamani nyuma ya hatua ya pili.

Njia ya pili ni ndoana. Programu huomba ujumbe wa programu nyingine upite kwake kwanza, na Windows huingiza DLL yake ndani ya programu hizo. Si haramu. Programu zinazowasomea vipofu maandishi ya skrini hutumia njia hii. Lakini ndoana iyo hiyo ikitegwa kwenye kibodi, huokota kila herufi unayoandika, nywila ikiwemo.

Hapo ndipo penye uzito kwetu. Saiba ndiko wengi wanakofungulia eCitizen, wanakojaza fomu za KRA na kuombea kazi. Kufunga akaunti yako baada ya kumaliza ni vizuri, lakini hakurudishi nywila iliyokwisha kunaswa.

Mwenye saiba, wewe umebeba amana za watu. Pakua Autoruns, inayotolewa bure na Microsoft. Itakuonyesha DLL zilizosajiliwa kwenye menyu na programu zinazojiwasha pamoja na mashine, ambamo wategaji ndoana hupenda kujificha. Ficha kwanza zile za Microsoft zenyewe, kisha ondoa alama ya tiki kwa usiyoijua, moja baada ya nyingine, huku ukijaribu menyu. Usifute; ukikosea utairudisha tiki. Wateja nao wape akaunti ya kawaida, si ya msimamizi. Haizuii kila kitu, ila hupunguza madhara.

Nawe mteja, nywila ya benki usiiandike kwenye kompyuta ya watu. Ikiwa huna budi kufungua akaunti nyingine, washa ulinzi wa hatua ya pili wa msimbo unaoletwa kwenye simu, na ukitoka badilisha nywila kwa simu yako mwenyewe. Shughuli hiyo haizidi dakika chache. Kuirejesha akaunti iliyoibwa huweza kuchukua miezi.