Stockholm: Siri ya Masikio Yako Iko Mikononi mwa Nani?

Mjini Stockholm, mtu ambaye masikio yake yamepungua nguvu, awe Mswidi wa Södermalm au ndugu yetu wa Tensta aliyetoka Mombasa, huketishwa katika chumba kisichopitisha kelele. Hupigiwa milio, kutoka mizito hadi myembamba, naye hubonyeza kitufe kila anaposikia. Zamani matokeo yalichorwa kwenye karatasi. Siku hizi huingia kwenye kompyuta pamoja na namba ya utambulisho ambayo Uswidi ilianza kuwapa wakazi wake mwaka 1947.

Programu inayojulikana zaidi katika kazi hiyo ni Noah. Inamilikiwa na HIMSA, taasisi ya Denmark iliyoundwa mwaka 1993 na watengenezaji wenyewe wa vifaa vya kusaidia kusikia. Kabla ya hapo, kliniki iliyotoa vifaa vya Oticon na vya Widex ililazimika kumwandika mteja yule yule mara mbili, kwani kila kampuni ilikuwa na programu yake. Noah ilileta daftari moja, na programu za kampuni zote huchomekwa humo. Wafanyabiashara wanaogombea wateja kukubali daftari moja si jambo dogo!

Humo mna mengi kuliko wengi wetu tunavyodhani: vipimo vya kila sikio, jinsi kifaa kilivyorekebishwa na tarehe zake. Vifaa vingi vya kisasa hata huhesabu saa vinazovaliwa kwa siku, na mtaalamu akikiunganisha kifaa na kompyuta huziona. Kwa hiyo babu anayeapa kwamba hukivaa kutwa, ilhali kimelala kabatini, siri yake iko nje.

Je, siri hizo ziko salama? Uswidi ilitunga sheria ya kulinda data mwaka 1973, ya kwanza duniani kwa ngazi ya taifa. Pamoja na hayo, Februari 2019 iligundulika kwamba rekodi za simu milioni 2.7 zilizopigwa kwenye namba ya ushauri wa afya, 1177, zilikuwa wazi kwenye intaneti bila hata neno la siri. Juni 2021 mamlaka ya kulinda data ilitangaza faini: krona milioni 12 kwa kampuni ya Medhelp, na krona 500,000 kwa Mkoa wa Stockholm. Sheria nzuri, seva wazi.

Wasomaji wetu walioko huko wajue kwamba sheria ya data za wagonjwa, iliyoanza kutumika Julai 2008, inawapa haki ya kudai taarifa za nani amefungua faili lao, na kuzuia kliniki nyingine zisilione. Haki hizo hazihitaji wakili; mtu huziomba kliniki yenyewe.

Lipo jambo moja zaidi, nalo huwakuta wengi uwanja wa ndege wameshaupita. Daftari la Stockholm halimfuati mtu Mombasa wala Dar es Salaam. Anayerudi nyumbani aombe nakala ya vipimo vyake, pamoja na jina na aina kamili ya kifaa. Fundi wa huko akiwa na programu ya kampuni hiyo ataweza kukisoma na kukirekebisha. Asipokuwa nayo, karatasi itamwonyesha pa kuanzia.