Nusu Kilo ya Nyama Ifike kwa Kila Mtu

Nusu kilo ya nyama ikikatwa na kuchemshwa hutoa vipande vipatavyo kumi na viwili, na katika nyumba yenye watu wanane hesabu ya vipande hivyo hujulikana kabla sufuria haijateremshwa motoni. Baba huwekewa vitatu au vinne, kwa kuwa ndiye aliyeshika zamu usiku kucha. Mgeni akiwapo hupewa viwili. Vijana wakubwa hugawana vilivyosalia, nao watoto wadogo pamoja na mama aliyepika hupata mchuzi, ambao kwa hakika ni maji yenye harufu ya nyama. Hakuna aliyekusudia kumdhulumu mwenziwe. Sufuria yenyewe ndiyo iliyogawa hivyo.

Desturi hii ina mizizi mirefu. Katika Buganda ya zamani mwanamke hakula kuku, wala mayai, wala nyama ya kondoo, na hadi leo katika nyumba nyingi za Uganda haiulizwi firigisi ya kuku ni ya nani. Miiko hiyo imefifia sana mijini, lakini tabia ya kumpimia mkubwa kwanza imebaki, ilhali wanaohitaji nyama zaidi ni wale wanaopimiwa mwisho. Uchunguzi wa taifa wa afya ya jamii uliofanywa nchini Uganda mwaka 2016 ulionyesha kwamba watoto 53 katika kila 100 walio chini ya miaka mitano walikuwa na upungufu wa damu, na miongoni mwa wanawake wa umri wa kuzaa walikuwa 32 katika kila 100. Sababu ni nyingi, malaria na minyoo zikiwamo, nazo hutibiwa zahanati. Lakini upungufu wa madini ya chuma katika chakula ni sababu ambayo mpishi anaweza kupambana nayo akiwa jikoni kwake.

Nyama ya kusaga, ambayo watu wa pwani huiita kima, haina kipande cha baba wala kipande cha mgeni. Ikipikwa pamoja na mboga katika chungu kimoja, kisha ikafunikwa kwa viazi vilivyopondwa na kukaushwa kwa moto wa juu, kila kijiko kitakachotoka humo kitakuwa na nyama yake. Gramu 500 kwa watu wanane ni gramu zipatazo 60 kwa kila mmoja. Si nyingi, lakini nyama ina sifa moja ambayo wengi hawaijui, nayo ni kwamba husaidia mwili kuipata chuma iliyomo katika maharagwe na mboga za majani, ambayo bila ya msaada huo hupita tumboni bila faida kubwa. Hivyo basi nyama kidogo iliyoenea katika sahani nane ina kazi kubwa kuliko nyama nyingi iliyolundikwa katika sahani moja. Isitoshe, mtoto wa miezi minane asiye na magego, na bibi ambaye yake yamekwisha, wote wawili huweza kuila.

Chakula cha namna hii hupikwa sana Ulaya, ambako huokwa katika oveni. Lakini ufundi wa kukifunika chakula na kukiacha kiive kwa mvuke wake chenyewe si mgeni Kampala. Luwombo, ambayo Waganda husimulia kwamba ilianza katika jiko la Kabaka Mwanga mwaka 1887, hufungwa katika jani changa la mgomba lililobabuliwa motoni, na kila mlaji huletewa furushi lake peke yake. Ni ugawaji wa haki kabisa, ila unahitaji majani mengi na nafasi kubwa, vitu ambavyo mke wa askari wa Naguru, Nsambya au Mbuya hana kila siku.

MBELE YA BUCHA

Kazi ngumu ya chakula hiki si upishi, bali ni ununuzi. Nyama ikiwa pande zima, vijidudu hukaa juu yake tu, na moto wa kwanza huviua. Ikisagwa, kilichokuwa nje huingia ndani, na kila punje ya nyama huwa na uso wake wenye uchafu. Kwa sababu hiyo nyama ya kusaga huharibika upesi kuliko nyingine yoyote, wala haifai kuliwa ikiwa bado ina wekundu ndani.

Mnunuzi na atazame kwanza muhuri wa mkaguzi wa mifugo juu ya ngozi ya mafuta ya mnyama aliyetundikwa. Kisha achague mwenyewe nyama ya shingo au ya bega. Ng'ombe wa Uganda, hasa wale wa Ankole, hulishwa majani na kutembea mwendo mrefu, na nyama yao ya shingo ni ngumu kuchemsha. Mashine huumaliza ugumu huo wote, kwa hiyo ni upotevu wa fedha kununua nyama ya sarara ili kuisaga. Maadamu kambini huishi watu wa dini mbalimbali na sahani huvuka uzio kwenda kwa jirani, ni vyema nyama iwe imechinjwa kihalali.

Nyama iliyokwisha kusagwa na kuwekwa ndani ya sinia isinunuliwe, hata ikipunguzwa bei. Hapana ajuaye ilisagwa lini wala ilitoka sehemu gani ya mnyama. Mwenye bucha aambiwe kwa adabu, "Mzee, naomba uisage hapa nikiona," na kama mashine yake ina mabaki ya jana, aombwe aioshe kwanza. Akikasirika, Kampala ina bucha nyingi. Zile ndogo za barabarani zenye gogo na panga tu hazina mashine kabisa, nazo zisidharauliwe: pande la nyama hupelekwa nyumbani na kukatwakatwa kwa kisu kikali juu ya ubao safi hadi liwe punje. Kazi hiyo huchukua muda, lakini wapishi wengi huiona nyama ya kisu kuwa tamu kuliko ya mashine.

Mwanzoni mwa mwaka 2018 wauza nyama kadhaa walikamatwa mjini Kampala kwa tuhuma za kupaka nyama dawa inayotumika kuhifadhi maiti, ili isioze na nzi wasiikaribie. Tangu hapo wako wanunuzi wanaofurahi wakiona nzi buchani, ingawa nzi mwenyewe si mkaguzi wa kuaminiwa, kwani hutoka chooni. Dalili zilizo bora ni harufu na mguso. Nyama yenye harufu kali inayochoma pua, au iliyokakamaa isivyo kawaida, iachwe hapo hapo. Iliyo nzuri ifike nyumbani upesi na iingie motoni siku hiyo hiyo. Haioshwi baada ya kusagwa, maana maji huchukua utamu wake na kurusha uchafu juu ya vyombo vingine.

MBOGA NA KIAZI

Kwa nusu kilo ya nyama huhitajika vitunguu viwili vikubwa, punje nne za kitunguu saumu, karoti tatu, nyanya nne zilizoiva sana, robo ya kabichi na fungu moja la dodo au nakati. Kikombe kimoja cha maharagwe yaliyochemshwa siku hiyo hukifanya chakula kishibishe. Maharagwe, ambayo askari na wanafunzi wa Uganda wamelishwa pamoja na posho hadi wakayachoka, hapa hujificha ndani ya nyama na kuliwa bila manung'uniko. Nyanya zisipunguzwe: zaidi ya kutia ladha, vitamini C yake husaidia chuma ya mboga kuingia mwilini.

Juu ya yote hayo huja kiazi. Viazi ulaya vya Kabale vinafaa, lakini viko viazi vilivyo bora kwa kazi hii, navyo ni viazi vitamu vyenye nyama ya rangi ya chungwa. Kampala ina haki ya kujivunia viazi hivyo. Mwaka 2007 Uganda ilitoa kwa wakulima mbegu mbili za aina hiyo, Kabode na Vita (jina lisiwatie askari wasiwasi), na mmoja wa watafiti walioziendeleza, Robert Mwanga wa Uganda, alikuwa miongoni mwa wanne waliopewa Tuzo ya Chakula Duniani mwaka 2016. Rangi hiyo ya chungwa ndiyo asili ya vitamini A, ambayo mtoto akiikosa huweza kupata upofu na hushindwa kupigana na maradhi. Kiazi cheupe hakina rangi hiyo. Tena vitamini hiyo huhitaji mafuta ili mwili uipokee, na katika chungu hiki mafuta ya nyama yako chini ya kiazi, tayari kwa kazi.

Kilo moja na nusu ya viazi ichemshwe pamoja na maganda, kisha vimenywe na kupondwa vikiwa moto. Viazi vya aina hii huwa na maji mengi, kwa hiyo maziwa yasitiwe bila kufikiri. Wanawake wa Acholi na Lango wana dawa yao: kijiko kimoja cha odii, yaani simsim na karanga zilizosagwa pamoja, hukaza kiazi na kukipa ladha ambayo siagi haiwezi kuifikia.

MOTO WA JUU NA WA CHINI

Sufuria nzito yenye mfuniko bapa iwekwe juu ya sigiri hadi ipate moto sana. Nyama itiwe bila maji, itandazwe, iachwe dakika tatu bila kuguswa mpaka upande wa chini uwe kahawia, ndipo igeuzwe. Mpishi mwenye haraka huikoroga mara moja, nayo hutoa maji na kuchemka badala ya kukaangika, ikabaki na rangi ya kijivu isiyovutia mtu. Ikisha kukauka na wekundu wote umekwisha, hutiwa vitunguu, kitunguu saumu na karoti zilizokatwa ndogo ndogo. Kama nyama haina mafuta, vijiko viwili vya mafuta vyatosha. Baadaye nyanya, kijiko kidogo cha chumvi, na bizari ya mchuzi kwa anayeipenda. Nyanya zikisha kuvunjika, maharagwe na kabichi huingia, sufuria hufunikwa, na moto hupunguzwa kwa muda wa dakika ishirini. Dodo hutiwa mwisho kabisa. Mchuzi uwe mzito. Ukiwa mwepesi, kiazi kitazama ndani yake na kazi yote itakuwa uji.

Kiazi kilichopondwa hutandazwa juu na kusawazishwa kwa mgongo wa kijiko, kisha huchorwa mistari kwa uma ili kipate kingo za kukauka. Hapo ndipo unapotumika ufundi wa wapishi wa pwani wa kupalia. Makaa mengi huondolewa chini ya sufuria na kupangwa juu ya mfuniko, sehemu mbili juu na moja chini, kwa robo saa au zaidi kidogo. Mfuniko usifunuliwe kila mara, kwani majivu huanguka ndani na joto hutoroka. Harufu ya kiazi kinachoungua kidogo pembeni ndiyo saa ya mpishi.

Kazi hii ifanywe nje au barazani. Vibanda vya mabati vya mviringo ambamo familia nyingi za polisi zimeishi kwa miaka mingi, pamoja na vyumba vya kupanga vyenye dirisha moja, havifai kuwa na sigiri inayowaka ndani mlango ukiwa umefungwa. Hewa ya sumu itokayo katika mkaa haina harufu, na imeua watu waliolala usingizi. Mvua ikinyesha, ni heri chakula kichelewe.

Faida nyingine ni mkaa wenyewe. Amri ya Rais ya mwezi wa Mei 2023 ilikataza uchomaji wa mkaa wa biashara katika sehemu za kaskazini, ambako sehemu kubwa ya mkaa wa Kampala ilitoka, na anayenunua mkaa kwa kopo anajua thamani ya kila kaa. Chungu hiki hutumia sigiri moja: viazi na maharagwe hutangulia, nyama hufuata, na makaa yale yale yanayokaribia kufa ndiyo yanayopandishwa juu ya mfuniko.

MEZANI

Chakula kikatwe kwa kijiko kikubwa kuanzia juu hadi chini, ili kila sahani ipate kiazi na nyama, na sahani za watoto zitangulie. Jambo hili la mwisho litahitaji maelezo kwa wazee wengine. Sehemu ya mtoto mchanga aliyetimiza miezi sita isagwe zaidi kwa uma, nayo itengwe kabla pilipili haijafika mezani.

Chai isinywewe pamoja na chakula hiki. Majani ya chai huizuia chuma isiingie mwilini, na kikombe kimoja cha chai nzito huweza kuharibu sehemu kubwa ya kazi iliyofanywa na nyama. Inywewe saa moja au mbili baadaye. Badala yake chungwa, papai au embe lifuate mlo.

Kisicholiwa kisilale sufuriani katika nyumba isiyo na friji, hata kama mfuniko umebana, kwa kuwa vijidudu vingine hutoa sumu isiyoondoka kwa kupashwa moto. Ni bora kipimo kipunguzwe kuliko kuacha kiporo. Baba mwenye zamu ya usiku atengewe chake kingali moto katika chombo kinachohifadhi joto, naye akile mapema awapo zamuni. Au siku hiyo chungu kipikwe adhuhuri, kabla hajavaa sare.