Ngumi Bungeni, Kalamu Mahakamani

Mnamo Novemba 2014, wanamgambo wa Al-Shabaab waliteka basi karibu na mji wa Mandera, kaskazini mashariki mwa Kenya, na kuwaua abiria 28 wasio Waislamu. Siku kumi baadaye wakaua wachimba mawe 36. Nchi iliyokuwa bado ikiuguza jeraha la shambulio la jengo la maduka la Westgate ilighadhibika.

Serikali ikaleta mswada wa usalama. Desemba 18, Wakenya walitazama kwenye televisheni karatasi zikiraruliwa, wabunge wakirushiana ngumi, na Naibu Spika Joyce Laboso akimwagiwa maji. Kituko, naam, ila kiini chake kilikuwa kizito. Upande wa serikali ulisema taifa lililo vitani lazima lishikamane. Upinzani ukauliza: mshikamano ndio kunyamaza?

Hofu haikuwa ya bure. Kifungu cha 12 cha mswada huo kilitishia faini ya hadi shilingi milioni 5, au kifungo cha miaka mitatu, kwa atakayechapisha habari au picha za kuwatia watu hofu. Mhariri angejuaje mapema ni picha ipi itamtisha nani?

Rais Uhuru Kenyatta aliutia saini mswada huo Desemba 19. Upinzani ukaenda kortini. Februari 23, 2015, majaji watano wa Mahakama Kuu walifuta vifungu vinane, hicho cha 12 kikiwemo. Tena Katiba ya 2010, kupitia ibara ya 33 ya uhuru wa kujieleza, tayari hailindi uchochezi wa vurugu wala matamshi ya chuki. Sehemu kubwa ya sheria hiyo ya usalama ilibaki.