Tawi na Lebo katika Utunzaji wa Msamiati wa Kifipa

Nyanda za juu za Ufipa, ambazo mji wake mkuu ni Sumbawanga, zimo kati ya Ziwa Tanganyika na Ziwa Rukwa. Lugha yake, ambayo Malcolm Guthrie aliipa alama M13, ina lahaja kadhaa, zikiwemo za Nkansi, Kwa na Milanzi. Hata jina lake huandikwa kwa namna mbili: Cifipa na Ichifipa. Basi mkusanyaji wa msamiati, afutapo umbo moja na kuweka jingine, huenda akadhani amesahihisha kosa, kumbe amepoteza ushahidi.

Hasara hiyo yaweza kuzuiwa kwa programu ya kutunza matoleo iitwayo Git, iliyobuniwa na Linus Torvalds mwaka 2005. Kila mwandishi aiamurupo, huhifadhi picha ya faili zote, pamoja na jina lake, tarehe na maelezo. Na kila picha huelekeza kwenye ile iliyoitangulia.

Tawi ni jina lililobandikwa juu ya picha mojawapo, nalo husogea mbele kila picha mpya iongezwapo. Amri «git branch tahajia» huliunda. «Git switch tahajia» humwingiza mwandishi humo. Yabadilishwayo humo hayaligusi shina mpaka matawi yaunganishwe. Ikiwa mstari ule ule umebadilishwa pande zote mbili kwa namna tofauti, programu husita na kumwachia mtu uamuzi. Yafaa kuangaliwa, hata hivyo, kwamba tawi ni mahali pa pendekezo, si makao ya lahaja. Umbo la Nkansi na umbo la Kwa yote ni kweli. Hapana budi yaandikwe pamoja chini ya kidahizo kimoja, kila moja na mahali pake.

Lebo, kinyume cha tawi, haisogei. Amri «git tag -a toleo-1» huitia picha jina la kudumu, pamoja na tarehe na jina la aliyeitia. Mtaalamu akinukuu toleo-1, msomaji wa baadaye ataona maneno yale yale aliyoyaona yeye. Lakini amri ya kawaida ya «git push» haipeleki lebo. Ni lazima itajwe: «git push origin toleo-1». Isipotajwa, hubaki katika kompyuta moja, na kompyuta hiyo ikiharibika, rejeo lote hupotea.