Gita la Likasi, Kinubi cha Wales

Tarehe 24 Machi 2022, muda mfupi kabla ya Wales kucheza na Austria mjini Cardiff, mzee wa miaka 78 alishika kipaza sauti akaimba wimbo aliourekodi miaka 39 nyuma, na uwanja mzima ukaitikia. Mzee huyo ni Dafydd Iwan. Wimbo ni "Yma o Hyd", yaani "bado tupo". Wales walishinda siku ile, na tarehe 5 Juni wakaifunga Ukraine bao moja bila, wakaenda Kombe la Dunia kwa mara ya kwanza tangu 1958. Habari hiyo ilisimuliwa sana kama habari ya mtu mmoja: mwanaharakati wa lugha aliyewahi kufungwa jela kwa ajili ya vibao vya barabarani vilivyoandikwa Kiingereza pekee, akaja kushangiliwa uzeeni. Ni simulizi tamu, ila ina pengo. Mwaka 1983 wimbo ule haukurekodiwa na mtu mmoja. Nyuma yake lilisimama kundi la Ar Log, lenye vinubi na fidla, na mwaka mmoja kabla ya hapo kundi hilo na mwimbaji huyo walikuwa wamezunguka Wales nzima pamoja. Pengo hilo lina maana kubwa kwa mji wa Likasi, huko Katanga, ambao nao ulipata mwimbaji wa aina hiyo.

Mwimbaji huyo ni Jean-Bosco Mwenda, aliyejiita Mwenda wa Bayeke, mzaliwa wa 1930 katika eneo la Bunkeya. Mwaka 1952 Hugh Tracey, Mwingereza aliyezunguka nusu ya Afrika na mitambo yake ya kurekodi, alimkuta Jadotville, jina la Likasi kabla ya 1966. Mwenda alikuwa kijana wa miaka kama 22. Wimbo wake "Masanga" ulitolewa kwenye santuri za Gallotone za Johannesburg, ukashinda Tuzo ya Osborn, ukapigwa redioni kuanzia Katanga hadi pwani ya Kenya. Siri yake ilikuwa vidole viwili tu. Gumba likitembea chini kwenye besi na kidole cha shahada kikiimba juu, msikilizaji yuko tayari kuapa kwamba wapigaji ni wawili, pengine watatu. Mwaka 1961 na 1962 David Rycroft wa Chuo Kikuu cha London alichapisha uchambuzi wa mapigo hayo, noti kwa noti. Mwenda akaishi Nairobi kwa muda, akawa na kipindi redioni, na wapiga gita wa Kenya wakageuza mkono kumfuata. Mwaka 1969 alipanda jukwaa la tamasha la Newport, Marekani. Mwaka 1990 alifariki kwa ajali ya gari nchini Zambia.

Kwa hiyo sifa hakuikosa. Kwa kipimo cha umaarufu wa nje, Mwenda wa 1969 alikuwa mbali mbele ya Dafydd Iwan, ambaye mwaka huo nje ya Wales alijulikana kidogo tu. Tofauti iko kwingine. Mwaka huohuo wa 1969 Iwan na wenzake wawili walianzisha kampuni yao ya kurekodi, Sain, ili nyimbo za Kiwelisi zimilikiwe na Wawelisi wenyewe. Santuri ya Mwenda ilikuwa mali ya Johannesburg. Kanda za Tracey zimetunzwa Makhanda, iliyokuwa Grahamstown, katika maktaba ya muziki wa Kiafrika aliyoianzisha mwaka 1954, na zimetunzwa vizuri, hilo tumshukuru. Lakini kijana wa mitaa ya Likasi, kama Kikula au Panda, anayetaka kumsoma Mwenda kwa makini hupelekwa kwanza Makhanda, kisha London, ndipo arudishwe nyumbani. Mwimbaji peke yake husafiri na wimbo wake, na anapokufa wimbo hubaki pale ulipoandikiwa risiti. Kundi hubaki mtaani. Lina mazoezi ya kila wiki, lina mvulana anayebeba ala akisubiri zamu yake, lina ugomvi wa nani apige nini, na katika fujo hiyo wimbo hurithiwa bila mtu kutangaza kwamba unarithiwa.

Ar Log ni ushahidi mzuri kwa sababu asili yake si ya kutukuka hata kidogo. Liliundwa mwaka 1976 kwa haraka, ili Wales iwe na wawakilishi kwenye tamasha la Waselti la Lorient, Ufaransa. Jina lenyewe lina maana ya "wa kukodiwa", kama teksi. Ndani yake walikuwamo ndugu wawili, Dafydd na Gwyndaf Roberts, waliofundishwa kinubi na bibi mmoja, Nansi Richards, aliyezaliwa 1888 na kufariki 1979. Alikuwa miongoni mwa wachache mno waliobaki wakijua kukipiga kinubi cha safu tatu za nyuzi. Tazama hesabu hiyo: bibi anafariki 1979, wanafunzi wake wanarekodi "Yma o Hyd" 1983, na 2022 uwanja unaimba. Pete moja tu ya mnyororo ingekatika, mzee yule wa Cardiff angekuwa mwanaharakati mstaafu mwenye sauti nzuri.

Hapa mtu atapinga: kinubi ni cha asili ya Wawelisi, gita lililetwa Katanga na wageni, basi ulinganisho umevunjika. Haujavunjika. Kinubi kile cha safu tatu kilitoka Italia, kikafika Wales katika karne ya 17, na waliokiokoa kilipokuwa kinatupwa ni pamoja na Waroma wa ukoo wa Wood, watu ambao wenyeji waliwatazama kwa jicho la pembeni. Ala huwa ya asili kwa kupigwa na vizazi viwili vitatu, na gita la Katanga limeshavuka hapo. Mwenda mwenyewe ni tunda la uhamiaji: Msiri, aliyeasisi ufalme wa Bayeke, alitoka Unyamwezi, na Kiyeke ni ndugu wa Kisumbwa cha Tanzania.

Wa pili atasema kwamba Kiwelisi kiko hatarini, kwa kuwa sensa ya 2021 ilihesabu wasemaji wapatao 538,000, asilimia 17.8 ya watu wa Wales, ilhali Kiswahili kinakua kila siku na hakihitaji wimbo wa kukitetea. Kweli kwa Kiswahili. Lakini Kiyeke kimekuwa kikimezwa na Kisanga kwa vizazi, na Kiswahili cha Katanga, lugha ya migodi na ya kambi za kampuni ya Union Minière, hudharauliwa na wanaokipima kwa kamusi ya Unguja. Jina la Mwenda wa Bayeke lilipita mipaka likibeba Kiswahili kilekile cha mjini, na Nairobi haikumdai cheti.

Pingamizi zito ni la tatu. Sanaa ya Mwenda ni ya mtu mmoja. Uzuri wake wote ni kwamba vidole viwili vinafanya kazi ya bendi, hivyo kumwekea bendi ni kumziba. Nakubali nusu. Kundi linalopiga "Masanga" kwa magita manne lingeiua. Ila kinubi nacho ni ala ya mtu mmoja, na Nansi Richards alisifika kwa kukipiga. Ndugu Roberts hawakumwiga ndani ya kundi, walichukua mkono wake wakaupa kazi nyingine. Katanga yenyewe inajua kufanya hivyo. Karindula, lile banjo kubwa ambalo tumbo lake ni dumu la mafuta lililowambwa ngozi ya mbuzi, ni muziki wa makundi, na rekodi zilizotoka Lubumbashi mwaka 2011 zilionyesha vijana wakiimba kwa muda mrefu kwa kupokezana. Hata hoja kwamba Likasi haina fedha za kuanzisha kundi inapungua nguvu hapo: dumu halihitaji ruzuku ya serikali.

Kilichobaki ni sababu ya kundi kukutana, na Likasi inayo. Ile safari ya pamoja ya Iwan na Ar Log mwaka 1982 ilikuwa ya kutimiza miaka 700 tangu Llywelyn, mtawala wa Wales, auawe na Waingereza tarehe 11 Desemba 1282. Kichwa chake kilipelekwa London. Msiri aliuawa Bunkeya tarehe 20 Desemba 1891, na masimulizi ya Bayeke yanasema kichwa chake pia kilichukuliwa. Aliyeongoza msafara uliomuua, William Stairs, alikuwa zamani ofisa wa Stanley, yule Bula Matari, ambaye naye alizaliwa Denbigh, Wales, kwa jina la John Rowlands. Historia ina utani wake. Miaka 100 ya kifo cha Msiri ilifika Desemba 1991, na Mwenda, ambaye angekuwa wa kwanza kuitwa, alikuwa ameshazikwa mwaka uliotangulia. Miaka 150 itatimia tarehe 20 Desemba 2041. Atakayepiga gita siku hiyo kwa gumba na kidole cha shahada, kama atakuwapo, sasa hivi ni mtoto, na anahitaji mahali pa kwenda jioni baada ya shule.