Maana na Matumizi ya Mzizi "Meth-" katika Istilahi za Kiswahili za Kemia Ogania

Ikisiri

Makala haya yanaeleza maana na matumizi ya mzizi "meth-", ambao ni miongoni mwa mizizi ya msingi katika utaratibu wa kutaja kampaundi za kemia ogania. Hoja kuu ni kwamba maana ya mzizi huu haitokani na etimolojia yake, bali hutokana na nafasi yake katika mfumo wa majina, ambamo hudokeza atomi moja ya kaboni. Makala yanaonesha pia kwamba mzizi huu unapotoholewa katika Kiswahili, mkazo wa neno huhama kutoka kwenye silabi inayobeba tofauti ya maana, na hivyo "methanoli" na "ethanoli" hukaribiana mno masikioni. Kwa kuwa methanoli ni sumu inayoua, ukaribu huo una athari nje ya darasa na maabara. Inapendekezwa kuwa utohozi udumishwe, lakini matini za umma ziambatanishe istilahi hiyo na kibainishi.

1.0 Utangulizi

Mwezi Novemba 2000, jijini Nairobi, watu zaidi ya 100 walifariki dunia na wengine wakapoteza uwezo wa kuona baada ya kunywa kileo kilichotiwa methanoli. Mwezi Mei 2014 mkasa wa namna hiyo ulitokea tena katika kaunti kadhaa za Kenya, na makumi ya watu wakapoteza maisha. Katika mazungumzo ya kawaida, kilichoua watu katika mikasa ya aina hii huitwa "pombe haramu", "pombe yenye sumu" au "kemikali" tu. Jina la kwanza ni la kisheria: linaeleza kuwa kinywaji hakina kibali, lakini halielezi kilichomo ndani yake. Jina la pili linataja athari bila kutaja kisababishi. La tatu ni pana kiasi cha kutotofautisha kitu chochote. Jina linalotofautisha, yaani methanoli, hubaki katika ripoti za maabara.

Hali hii inaibua swali la kiistilahi. Je, mzizi "meth-" unamaanisha nini, na mzungumzaji wa Kiswahili anawezaje kuutumia ili kutenganisha dutu mbili zinazofanana kwa rangi, kwa harufu na kwa jina? Ili kulijibu, makala yanaongozwa na Nadharia ya Jumla ya Istilahi iliyoasisiwa na Eugen Wüster, ambayo huanza na dhana ndipo iende kwenye neno, na husisitiza kuwa dhana moja iwe na istilahi moja isiyo na utata. Hata hivyo, kama itakavyoonekana, istilahi inaweza kutimiza sharti hilo katika maandishi na bado ikashindwa katika usemi.

2.0 Asili ya mzizi "meth-"

Kimiminika ambacho leo huitwa methanoli kilipatikana kwanza kwa kukeneka mvuke wa mbao zilizopashwa moto pasipo hewa. Robert Boyle alikieleza mwaka 1661 alipokuwa akifanyia majaribio mbao za mboksi. Kwa muda mrefu kilijulikana kwa majina yenye maana ya "spiriti ya mbao".

Mwaka 1834, wanakemia Wafaransa Jean-Baptiste Dumas na Eugène Péligot walibainisha elementi zinazokiunda na uwiano wake, kisha wakaunda jina "méthylène" kutokana na maneno mawili ya Kigiriki: "methy", yaani divai, na "hyle", yaani mti au msitu. Walikusudia kusema "divai ya mbao". Uundaji huo una kasoro mbili. Kwanza, katika maneno ambatani ya Kigiriki, kifafanuzi kwa kawaida hutangulia kinachofafanuliwa. Kwa mpangilio waliouchagua, neno linaelekea zaidi kumaanisha "mbao za divai". Pili, kimiminika hicho si divai kwa namna yoyote. Jina lake lilibeba dokezo la kinywaji ilhali chenyewe ni sumu.

Karibu na mwaka 1840, Jöns Jacob Berzelius alilikata neno hilo na kupata "methyl". Sehemu ya pili, "-yl", ilikuwa tayari na maisha yake yenyewe. Friedrich Wöhler na Justus von Liebig waliitumia mwaka 1832 katika jina la kikundi benzoili, wakilichukua neno "hyle" kwa maana yake ya kifalsafa ya "maada". Hivyo neno moja la Kigiriki liliingia katika kemia kwa milango miwili, mmoja ukiwa na maana ya mti na mwingine ukiwa na maana ya maada, na hatimaye maana zote mbili zikafifia. Leo kiambishi "-ili" katika methili, ethili na propili kinaonesha tu kwamba kinachotajwa ni kikundi kilichoambatana na sehemu nyingine ya molekuli.

Neno "alkoholi" nalo limepita njia ya namna hiyo. Asili yake ni neno la Kiarabu "al-kuhl", yaani unga laini wa kupaka machoni, ambao watu wa pwani ya Afrika Mashariki wanaufahamu kama wanja wa manga. Huko Ulaya neno hilo lilihama kutoka unga laini hadi kiini cha kitu chochote, kisha hadi kiini cha divai, na mwisho likawa jina la jamii nzima ya kampaundi. Mifano hii miwili inathibitisha kwamba etimolojia hueleza jinsi istilahi ilivyofika, wala haitoshi kueleza istilahi inamaanisha nini sasa.

3.0 Maana ya kimfumo

Mabadiliko makubwa yalitokea pale majina yalipowekwa katika mfumo. Katika miaka ya 1860, August Wilhelm von Hofmann alipendekeza majina ya haidrokaboni yenye mwisho unaofanana, na methani ikawa jina la haidrokaboni yenye atomi moja ya kaboni, CH4. Mkutano wa kimataifa uliofanyika Geneva mwaka 1892 uliweka msingi wa kanuni zilizokuja kuendelezwa na Umoja wa Kimataifa wa Kemia Halisi na Kemia Tumizi, IUPAC, ulioundwa mwaka 1919.

Katika mfumo huo, jina la kampaundi sahili huwa na sehemu kuu mbili. Mzizi hutaja idadi ya atomi za kaboni katika mnyororo mkuu, na kiambishi tamati hutaja aina ya kampaundi. Kuanzia kaboni tano, mizizi hutokana na namba za Kigiriki au za Kilatini: "pent-" ni tano na "heks-" ni sita. Mizizi minne ya mwanzo, yaani "meth-", "eth-", "prop-" na "but-", haitokani na namba. Ilibakizwa kwa sababu ilikuwa imeshazoeleka, kisha ikapewa thamani ya moja, mbili, tatu na nne kwa makubaliano. Kwa hiyo maana ya "meth-" ni "kaboni moja", na maana hiyo inategemea kabisa kuwapo kwa "eth-", "prop-" na "but-" kando yake.

4.0 Matumizi

Mzizi huu hutumika kwa namna tatu zinazopaswa kutofautishwa.

Namna ya kwanza ni kama mzizi wa jina kuu: methani, methanoli, methanali. Hapa kaboni hiyo moja ndiyo kampaundi yenyewe.

Namna ya pili ni kama jina la tawi. Katika jina 2-methilipropani, mnyororo mkuu una kaboni tatu, na kikundi methili, CH3, kimeshika kaboni ya pili. Kampaundi nzima ina kaboni nne, wala si moja. Mwanafunzi anayesoma "methili" kama jina kuu hukosea hesabu tangu mwanzo. Kundi hili linajumuisha pia methili-zebaki, sumu inayotokea pale bakteria wa matopeni wanapoambatisha kikundi methili kwenye zebaki. Istilahi hii inahusu moja kwa moja maeneo ambako wachimbaji wadogo wa dhahabu hutumia zebaki, yakiwamo yale ya Kanda ya Ziwa nchini Tanzania, kwa kuwa methili-zebaki hulimbikizana katika samaki.

Namna ya tatu ni ya kitendo: umethilishaji, yaani kuambatisha kikundi methili kwenye molekuli nyingine, kama inavyotokea katika DNA.

Nje ya namna hizi tatu kuna matumizi ya kibiashara yanayokinzana nazo. Spiriti ya kuwashia na kusafishia inayouzwa madukani hutajwa katika lebo nyingi za Kiingereza kwa neno lenye maana ya "iliyomethilishwa". Matumizi hayo yalianza Uingereza, ambako sheria ya mwaka 1855 iliruhusu ethanoli ya viwandani isitozwe ushuru iwapo ingechanganywa na spiriti ya mbao ili isinyweke. Kikemia, hakuna kilichomethilishwa: ethanoli imebaki ethanoli, na methanoli imeongezwa kando yake. Anayeifasiri lebo hiyo kwa maana ya tatu hupotoka, na asiyejua maana yoyote haoni onyo lililokusudiwa.

5.0 Mzizi kama ramani ya sumu

Thamani ya jina la kimfumo huonekana wazi zaidi katika kueleza jinsi methanoli inavyodhuru. Mwilini, kimeng'enya cha ini huigeuza methanoli kuwa fomaldehidi, nayo hugeuzwa kuwa asidi fomiki. Asidi hiyo huzuia seli kutumia oksijeni, na neva ya macho huwa miongoni mwa sehemu zinazoumia mapema. Dalili kali kwa kawaida huchelewa kwa saa 12 hadi 24, ndiyo maana mnywaji hurudi nyumbani akidhani amelewa tu.

Majina ya kimazoea yaliyotumika hapo juu hayaoneshi uhusiano wowote kati ya hatua hizo. "Fomiki" linatokana na neno la Kilatini la sisimizi, kwa sababu asidi hiyo ilipatikana kwanza kwa kukeneka wadudu hao. Majina ya kimfumo, kinyume chake, yanaeleza mchakato wote: methanoli, methanali, asidi ya methanoiki. Mzizi haubadiliki kwa sababu kaboni ni ileile moja. Kinachobadilika ni kiambishi tamati, kwa sababu kinachobadilika katika molekuli ni kikundi kilichoshikwa na kaboni hiyo.

Ulinganisho na ethanoli unaongeza uzito wa hoja. Kimeng'enya kilekile huigeuza ethanoli kuwa ethanali, kisha hupatikana asidi ya ethanoiki, ambayo ni asidi ya siki na ambayo mwili unaweza kuitumia. Njia ni sambamba, hatua ni zilezile, na tofauti ya kaboni moja ndiyo inayotenganisha siki na upofu. Aidha, kwa kuwa kimeng'enya hicho huipendelea ethanoli, madaktari wanaweza kuitumia ethanoli yenyewe, au dawa ya fomepizoli, kuzuia methanoli isigeuzwe. Daktari anayetoa maelekezo ya tiba kwa Kiswahili atalazimika kutamka majina yote mawili katika sentensi moja, na kosa la silabi moja litakuwa kosa la tiba.

6.0 Utohozi na tatizo la mkazo

Kifonolojia, Kiswahili kinaupokea mzizi huu bila taabu. Sauti "th" ipo katika maneno kama "thamani" na "thelathini", na irabu ya mwisho hukamilisha silabi wazi: me-tha-no-li, e-tha-no-li. Ugumu uko kwenye mkazo. Katika Kiingereza, lugha inayofundishia kemia katika shule za sekondari za Tanzania, mkazo wa maneno haya huangukia silabi ya kwanza, yaani palepale penye tofauti. Katika Kiswahili mkazo huangukia silabi ya pili kutoka mwisho. Matokeo yake ni kwamba silabi "no", inayofanana katika maneno yote mawili, ndiyo husikika kwa nguvu, na silabi zinazotofautiana, "me" na "e", hubaki hafifu.

Jambo hilo lina upande wake wa faida. Methanoli na methanali hutofautiana katika silabi yenye mkazo, kwa hiyo Kiswahili hudhihirisha vizuri kiambishi tamati. Kinachofifia ni mzizi, yaani hesabu ya kaboni.

Sarufi haisaidii pia. Maneno yote mawili huingia katika ngeli ya I-ZI, hivyo upatanisho wa kisarufi ni uleule: "methanoli hii imeua" na "ethanoli hii imeua" hazitofautiani baada ya nomino. Isitoshe, mzungumzaji wa Kiswahili amezoea kuiona "m-" mwanzoni mwa nomino kama kiambishi cha ngeli, na kutafuta maana katika sehemu inayofuata. Katika jozi hii, konsonanti anayoweza kuichukulia kuwa ya kisarufi ndiyo yenye maana yote.

Njia mbadala ya tafsiri mkopo, kwa mfano "pombe ya mbao", ingeleta madhara makubwa zaidi. Ingerudia kosa la mwaka 1834 la kukiita kinywaji kitu kisichonyweka, na ingekata uhusiano wa methanoli na methani, methili na methanali. Vilevile ingepotosha chanzo: uchachushaji wa nafaka au sukari hutoa hasa ethanoli, na methanoli inayoua watu wengi kwa pamoja kwa kawaida ni ya viwandani, iliyotiwa kwenye kileo kwa makusudi au kwa kutojua.

7.0 Hitimisho na pendekezo

Makala yameonesha kuwa "meth-" ni mzizi uliozaliwa na kosa la etimolojia na kusahihishwa na mfumo. Maana yake ni kaboni moja, na maana hiyo hutumika katika majina makuu, katika majina ya matawi na katika jina la kitendo. Sharti la Wüster la istilahi moja kwa dhana moja linatimizwa katika maandishi. Katika usemi wa Kiswahili linadhoofishwa na mkazo, ngeli na mazoea ya kusikia viambishi.

Inapendekezwa, kwanza, kwamba umbo lililotoholewa lidumishwe katika matini za kitaaluma. Pili, katika lebo, matangazo ya afya na taarifa za habari, istilahi itanguliwe na kibainishi cha daima: "sumu ya methanoli". Kibainishi hicho huongeza silabi zinazosikika kabla ya silabi hafifu, na huondoa dokezo la kinywaji lililomo katika asili ya neno. Tatu, neno "alkoholi" lisitumike peke yake panapohitajika kutaja dutu mahususi. Nne, taasisi zenye dhamana ya kusanifisha istilahi, likiwamo Baraza la Kiswahili la Taifa, zizingatie mkazo wa neno kama kigezo cha kupima istilahi za sumu na za dawa, pamoja na vigezo vya maana na umbo vilivyozoeleka. Istilahi ya sumu haijakamilika mpaka imeweza kutamkwa kwa haraka, katika chumba chenye kelele, na ikasikika vilivyo.